Ezer, Msaidizi Anayesimama Mbele Yako

Mwanangu Tumaini, kuna siku moja naikumbuka kwa mlio wa bati. Hata leo upepo ukitikisa paa hapa Mbozi mwili wangu unasisimka, na mume wangu Elia ananitazama anacheka, maana anajua nimekwenda wapi. Nimerudi kwenye vichanja vya kahawa, msichana wa miaka ishirini na kitu, na matangazo ya ndoa yangu yamekwisha kusomwa kanisani Jumapili mbili, bado moja.

Sikuwa nimepanga kukusimulia haya. Ni simu yako ya jana ndiyo iliyoniwasha. Ulinipigia kutoka ofisini kwenu Tunduma, malori yanapiga honi nyuma yako, ukaniambia, "Shangazi, kwenye mafundisho ya ndoa tumesomewa kwamba mke ni msaidizi. Sasa mimi hapa kazini nina msaidizi, namtuma chai, namtuma karatasi mpakani, akikosea namgombeza. Ndivyo nitakavyokuwa kwa mwenzangu?" Ulikuwa unacheka. Lakini mimi nimekulea, najua kicheko chako cha furaha na kile cha kufunika. Halafu ukasema kwa sauti ndogo kwamba labda harusi isogezwe mbele kidogo, ufikirie. Nilikuambia unipe usiku mmoja. Leo nakutumia jibu kwa sauti, maana kuandika na kidole kimoja kunanichosha. Msikilizishe na mchumba wako, na vijana wenzako wa kwaya kama wana masikio. Ni ndefu, tafuta mahali ukae.

Nianzie kwenye kahawa. Wakulima wa kijiji chetu walikuwa na mashine moja ya kumenya, iko kwenye banda la bati, na mbele ya banda kuna vichanja virefu vya kuanikia. Mimi nilikulia kwenye vichanja vile. Nilijua kugeuza, nilijua kuchambua punje mbovu, nilijua kwa kuuma punje moja tu kama kahawa bado siku mbili au tatu. Na jambo kubwa la kahawa, mwanangu, ni kwamba ikikaribia kukauka halafu ikalowa tena, imekwisha. Inaota ukungu, inanuka, mnunuzi anainusa mara moja anakurudishia gunia lako. Kwa hiyo mvua ya kushtukiza mwishoni mwa msimu ilikuwa inatutia hofu kuliko simba.

Kahawa ya akina Elia nayo ilikuwa pale pale, kichanja cha nne kutoka bandani. Na hapo ndipo penye mkasa, kwa sababu ya baba yake Elia.

Nyie wa siku hizi mnakumbatiana na wakwe zenu, mnapiga nao picha. Sawa, sina ugomvi nanyi. Sisi kwenye ukoo ule haikuwa hivyo. Mchumba hatazamani na baba mkwe. Akimwona njiani anakata kona, aingie hata kwenye mahindi. Wakilazimika kuwa mahali pamoja, binti anampa mgongo na kuinama. Na jina la mkwe halipandi mdomoni kabisa. Baba mkwe wangu aliitwa Simoni, na mimi tangu nimechumbiwa nilikuwa siwezi hata kusoma Injili kwa sauti kanisani, nikifika kwenye jina la yule mtume nakohoa, dada yangu anamalizia. Unacheka? Cheka tu, nilikuwa kichekesho cha kijiji. Lakini nilifanya kwa moyo, maana nilimpenda Elia na niliwaheshimu watu wake.

Siku yenyewe kulikuwa na jua kali mpaka mchana. Wanaume walikuwa wamekaa upande wa pili wa banda wakizungumza, sisi wasichana tunageuza kahawa. Ghafla upepo ukaja kutoka upande wa Ileje, wa baridi, una harufu ya udongo uliolowa. Nikainua macho. Mlima haupo. Umemezwa na wingu jeusi, na mvua inatembea kuja kwetu, unaiona kwa macho inavyokula mashamba.

Nilipiga yowe, watu wakatoka mbio kila upande. Kila mtu alishika turubai lililokuwa karibu naye. Mimi nikajikuta kwenye kile kichanja cha nne, nimeshika kona mbili, na upande wa pili, kona nyingine mbili zimeshikwa na nani? Na baba mkwe. Uso kwa uso, meza ya kahawa katikati. Mkono wangu ukataka kuachia nimpe mgongo kama desturi inavyotaka, lakini turubai lilikuwa linapaa kama tanga, ningeachia lingemburuta mzee wa watu. Nikabaki namtazama. Namwambia Mungu nisamehe, na bado namtazama.

Na kwa sababu namtazama, nikaona kilichokuwa nyuma yake.

Upepo ulikuwa umeng'oa bati kwenye banda la mashine. Likapiga ule mlio, likasimama hewani kidogo, halafu likaja kwa ubapa, makali mbele, moja kwa moja kwenye shingo ya mzee. Yeye hana habari, amekaza macho kwenye fundo la kamba ya turubai. Sasa nifanye nini? Niite "baba"? Pale kulikuwa na akina baba tele, kila mmoja angegeuka kivyake. Niite "Baba Elia"? Ni refu, mwanangu, bati halingoji. Nikafungua mdomo wote niliopewa na Mungu nikamwita.

"Simoni! Lala chini!"

Alilala. Sijui kama ni hofu ya bati au ni mshtuko wa kusikia jina lake kinywani mwangu, lakini alilala kama gunia. Bati likapita pale ilipokuwa shingo yake, likapiga nguzo ya kichanja cha tano, likaikata. Nguzo ya mti mkavu, imekatika kama muwa.

Ningeishia hapo labda yangekuwa mengine. Lakini mvua ilikuwa imefika na watu wameganda wanaangalia ile nguzo, na kahawa za watu ziko wazi. Nikachukua usukani. "Elia, shika kona ile! Wewe, vuta huku! Leta mawe!" Na mzee alipoinua kichwa kutoka kwenye matope nikamwambia bila kufikiri, "Simoni, inuka, kaza hilo fundo!" Akainuka, akakaza. Tulifunika vichanja vyote. Mvua ikapiga, ikapita, tukafunua pembe kuangalia, kahawa kavu. Tulicheka mpaka machozi, tumelowa chapachapa, wengine tukacheza pale pale kwenye tope. Sidhani kama nimewahi kuwa na furaha ya namna ile kabla yake.

Jumapili ikaja. Tangazo la tatu. Mchungaji akasoma jina la Elia, akasoma jina langu, Yusta, akauliza kama kuna mwenye pingamizi. Unajua wakati ule huwa kimya, watu wanageuka geuka wanatabasamu. Akasimama Baba Mdogo Yeremia, mdogo wake baba mkwe. Akasema, "Mimi ninalo."

Kanisa zima likageuka kumtazama. Mwanangu, pingamizi likisimamishwa kanisani si jambo la kunong'ona, ndoa inafungwa breki, na msichana aliyewekewa pingamizi anabaki na alama hata akihamia Malawi.

Mchungaji akatuita mchana ule ule kwenye ofisi ya kanisa. Chumba kidogo, benchi mbili, dirisha moja la mbao lililo wazi. Wazee wa kanisa wakakaa, na Baba Mdogo, na Elia, na mama yangu, na mimi. Baba mkwe hakuingia. Asingeweza kuingia, mimi nimo. Aliketi nje kwenye kigoda, chini ya lile dirisha, tukawa tunaona kofia yake tu.

Baba Mdogo hakuwa mtu mbaya, nisije nikaharibu jina la marehemu. Alikuwa mlinzi wa mambo ya ukoo na aliogopa kwamba yakianza kulegea hayatakazika tena. Akasema, "Kwa bati tunamshukuru binti. Kulikuwa na wanaume pale, angeweza kumwambia mmoja wao naye akamwambia kaka, lakini basi, bati tunalisamehe. Lakini baada ya bati? Amemwita kaka yangu jina mara ya pili, amemwamuru afunge kamba kama kibarua. Amewaamuru wanaume. Maandiko yanasema mwanamke aliumbwa kuwa msaidizi. Msaidizi anangoja kuambiwa. Huyu si msaidizi, huyu ni nyapara. Tunampeleka kijana wetu kuoa nyapara."

Wazee wakaguna. Elia akasema taratibu, "Mimi nilishika kona niliyoambiwa, na kahawa yetu ikapona," akaambiwa anyamaze. Na mimi, mwanangu, nilikuwa na hasira mpaka masikio yanawaka. Nikasimama. Nikasema, "Kama msaidizi ndiyo huyo, basi mimi sitaki kuwa msaidizi. Ndoa ivunjwe."

Mama yangu akaanza kulia. Nami nikageukia mlango.

"Yusta, kaa chini," mchungaji akasema.

Mchungaji wetu alikuwa mzee mwembamba, mpole mno. Alikuwa amesoma chuo cha theolojia mpaka Kiebrania, lakini hakuwa mtu wa kujionyesha, tukasahau kwamba anakijua. Siku ile nilimwona ananikemea kwa mara ya kwanza na ya mwisho. Akasema, "Unakataa cheo ambacho Mungu mwenyewe hakukikataa? Kaa chini uambiwe unachokitupa."

Nikakaa. Akafungua Biblia yake ya Kiebrania, kidole kinatoka kulia kwenda kushoto, na nakuambia sauti yake ikabadilika. Akawa kama mtoto aliyeona treni. Akasema, "Hapa Mwanzo, Mungu anaposema si vema mtu awe peke yake, neno tulilolitafsiri msaidizi ni *ezer*. Yeremia, twende nalo. Zaburi ile mnayosoma kila msiba, ya mtu anayeinua macho milimani anauliza msaada wake utatoka wapi. Msaada ule ni neno hili hili, ezer, na anayetajwa ni Bwana aliyeumba mbingu na nchi. Musa alipopata mtoto wa pili alimwita Eliezeri, Mungu wangu ni ezer, kwa sababu alimwokoa na upanga wa Farao. Na Samweli alisimamisha jiwe baada ya vita akaliita Ebenezeri, jiwe la ezer, jiwe la msaada. Sasa niambie, Yeremia. Huyo Mungu wa Musa alikuwa anangoja kutumwa chai?"

Mzee mmoja wa kanisa akakohoa ili asicheke.

Baba Mdogo akasema, "Lakini huyo ni Mungu, mchungaji. Mwanamke si Mungu."

"Wala sikusema ni Mungu. Mwanamke ni mtu, na mwanamume ni mtu, wote wanahitaji kuokolewa. Nasema neno hili kwenye Maandiko ni la anayekuja ukiwa umezidiwa. Ni neno la vitani. Mtu anayehitaji ezer ndiye aliye hatarini." Halafu akatuita mimi na Elia tusimame katikati ya chumba, tutazamane. "Na maneno yale, wa kufanana naye, kwa Kiebrania yana maana ya aliye mbele yake, aliyemwelekea, uso kwa uso. Elia, nyuma ya Yusta kuna nini?"

"Kuna mlango, mchungaji. Na kuku ameingia."

Kweli kuku alikuwa ameingia, mimi sijui.

"Yusta, nyuma ya Elia?"

"Dirisha," nikasema. "Na kofia."

"Kila mmoja anaona kilicho nyuma ya mgongo wa mwenzake, ambacho mwenzake hawezi kukiona. Ndiyo maana mke hakuwekwa nyuma ya mume, wala hakuwekwa juu yake. Angesimama nyuma wote wangeona upande mmoja, na bati lingewakuta wote."

Lo, mwanangu! Sijui nikuambieje nilivyojisikia. Nilikuwa nimesoma mistari ile tangu Shule ya Jumapili, naipita kama mtu anayepita mlango wa nyumba yake bila kuugusa. Siku ile mlango ukafunguka, kumbe ndani kuna jumba zima. Nilitaka kucheka, nilitaka kulia, nilitaka kumkumbatia mchungaji, na pingamizi nilikuwa nimelisahau kabisa.

Baba Mdogo hakulisahau. Akasema, kwa sauti ya chini sasa, "Neno nimelisikia. Ni zuri. Lakini jina la kaka limetajwa. Nani ataliondoa hilo?"

Hapo mchungaji akafunga Biblia yake. Hilo halikuwa la Kiebrania, lilikuwa la ukoo, na yeye hakuwa wa ukoo ule. Kuku akawa anadonoa chini ya benchi.

Kofia ikatikisika dirishani. Baba mkwe alikuwa amesimama. Hakugeuza uso kuingia ndani, alibaki anatazama nje kwenye migomba, lakini akasema kwa sauti ambayo sikuwahi kuisikia karibu namna ile.

"Yusta."

Aliniita jina. Yeye naye hakuruhusiwa, unaelewa? Mkwe naye hataji jina la mchumba wa mwanawe. Baba Mdogo akafumba macho.

"Yusta, niite tena. Kama ulivyoniita siku ile."

Nikamtazama mama. Nikamtazama Elia. Nikaita, si kwa kupayuka, kwa sauti ya kawaida. "Simoni."

Akageuka. Akanitazama usoni, kupitia dirisha lile, macho yake yamejaa maji. "Naam, mwanangu," akasema. Kisha akamwambia mdogo wake, "Yeremia, jina nililiitikia nikiwa nalala kwenye tope ili nisife. Limeokoa shingo yangu, nami nimemwachia alitumie. Aliyeitwa ni mimi, na mimi nimeitika. Kaa chini, tule harusi."

Baba Mdogo akakaa. Baada ya muda akasema pingamizi ameliondoa, akaomba maji ya kunywa. Na harusini, mwanangu, alicheza kuliko mtu yeyote, mpaka akapoteza kiatu.

Simoni aliishi miaka mingi baada ya hapo. Nilimwita baba, bila shaka, kwa heshima zote. Lakini alipozeeka na macho yakaanza kwenda, alikuwa akikaa barazani ananiuliza, "Yusta, nyuma yangu kuna nini?" Namwambia kuna mbuzi, kuna wajukuu, kuna kahawa inachanua. Anatikisa kichwa, anaridhika.

Sasa ndiyo hilo nililotaka kukuambia. Usisogeze harusi kwa sababu ya neno msaidizi. Neno halina kosa, waliolichafua ni watu, nawe usilitupe kwa sababu ya uchafu wao. Lioshe ulivae. Msaidizi wako wa ofisini anatumwa chai, sawa, ndiyo kazi yake na umlipe vizuri na uache kumgombeza. Lakini ezer hatumwi chai. Ezer ni yule ambaye mwenzake amezidiwa na yeye anakuja. Chungulia dirishani hapo ulipo, kwenye foleni ya malori, hutakosa lori lililoandikwa Ebenezer kwenye kioo. Madereva wanalibeba neno hilo mpaka Lusaka na ng'ambo huko bila kujua ni lile lile uliloogopa jana.

Na usisikie haya ukadhani nakuambia ukawe nyapara. Mimi nilimwamuru mtu kwa sababu bati lilikuwa linakuja. Siku ambazo hakuna bati, ongea polepole, na umsikilize naye, kwa sababu na wewe una mgongo. Yako mambo nyuma yako ambayo yeye tu ndiye anayaona. Akikuambia lala chini, lala kwanza, ubishi utafuata. Elia amenilaza chini mara nyingi tu, na mara nyingi alikuwa sahihi, ingawa usimwambie nimesema.

Heshima ya wakwe shika. Mila shika, zina maana yake na zimetutunza. Lakini siku mila inakuambia umpe mtu mgongo na wewe unaona hatari nyuma yake, usimpe mgongo. Mtazame, mwite kwa jina, halafu mengine yatazungumzwa kwenye benchi. Nanyi vijana wa kiume mnaosikiliza, ukipata mke anayekutazama usoni usitafute wa kukutazama kisogo.

Haya, sauti inaniishia na Elia anauliza naongea na nani. Mwanangu Tumaini, Mungu aliyekubali kuitwa msaada wetu akutangulie madhabahuni. Akupe macho ya kuona kinachomjia mwenzako, akupe na kifua cha kuita kwa wakati. Na kila utakapoita, mchana au usiku, awepo mtu wa kukuitikia, "Naam."